Kibaraza na Lango la Mwezi

Siku ya Jumatatu, saa tatu asubuhi, Salum aliniambia nihame, nikiwa katikati ya barua ya mtu aliyeomba kazi ya ulinzi. Alianza na shikamoo. Alikwisha kuniamkia nilipofika, na kijana anayekuamkia mara mbili asubuhi moja lazima ana lake jambo, kwa hiyo niliitikia marahaba bila kuinua kichwa na vidole vikaendelea na kazi.

"Mama Severini," akasema, "hiki kibaraza nakihitaji. Nataka kuweka jenereta na friji ya soda. Naomba mpaka Jumamosi uwe umepata sehemu nyingine."

"Sehemu nyingine wapi?"

"Mama yangu, mji mkubwa huu. Hata Kihonda sasa hivi kunajengwa sana."

Kihonda! Wateja wangu walikuwa wanatoka mahakamani na ofisi ya ardhi, wanavuka barabara, wananikuta mimi na taipureta yangu. Huko Kihonda ningemchapia nani, mbuzi? Nilimuuliza hivyo hivyo, akacheka. Hakuwa kijana mbaya, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Mtu mbaya unamtukana, roho inatulia. Salum alikuwa ananifukuza kwa adabu.

Mwaka ulikuwa 2002. Jengo lile zamani lilikuwa duka la serikali, tulipanga foleni pale kwa ajili ya sukari na sabuni. Kisha likaja soko huria, duka likafungwa, jengo likauzwa, akalinunua mjomba wake Salum. Salum akalipaka rangi ya samawati, akaingiza kompyuta nane, akaandika INTANETI mlangoni kwa herufi nyekundu ambazo hata aliyeko mlima Mindu angezisoma. Mimi nilikuwa kibarazani tangu mwaka 1996, kabla yake, kabla ya mjomba wake, kabla ya rangi. Nilikaa pale na meza, stuli na mashine yangu ya chuma, nachapa mikataba ya viwanja, barua za kuomba kazi, mihtasari ya mirathi na kadi za michango ya harusi.

Na nieleze kwa nini nilifika pale, maana bila hilo hutaelewa hasira yangu. Nilikuwa mchapaji wa shirika la umma kwa miaka kumi na tisa. Siku mageuzi yalipotufikia, bosi aliniita akanipa karatasi mbili zilizoandikwa kwa mkono, akasema, "Bernadeta, nichapie hii haraka, nakala nne." Ilikuwa orodha ya wanaopunguzwa kazini. Nikachapa. Namba moja, namba mbili, namba tatu, watu niliokunywa nao chai asubuhi ile. Namba kumi na saba lilikuwa jina langu. Nikalichapa bila kosa, nikaenda namba kumi na nane, nikamaliza, nikampelekea bosi mezani kwake na kumwambia tayari mzee. Sikusema neno. Sikugonga meza. Hata kulia nililia nyumbani, mlango umefungwa. Mpaka leo kinachoniuma hasa ni ule utiifu wangu, kuliko kule kupunguzwa.

Basi Salum aliponiambia nihame, nilizikumbuka karatasi zile mbili. Nilijiambia, Bernadeta, umeshapunguzwa mara moja. Mara ya pili hutoki kwa miguu yako, watakubeba.

Sasa nije kwenye mchezo wa kompyuta uliokuja kuamua jambo hili.

Mchapaji mwenye mafunzo haangalii mashine. Vidole vinajua njia, macho yako huru. Kazini macho yangu yalikuwa kwenye karatasi ya mkono, lakini mwandiko wa wateja wangu wengi nilikuwa nausoma mara moja tu kisha naushika kichwani. Kwa hiyo macho yangu yalipita katikati ya nondo za dirisha, yakatua kwenye kompyuta ya Salum, ambayo kioo chake kilielekea kwangu. Wiki tatu nzima nilikuwa namwona akicheza mchezo mmoja, ule ule, unaochezwa humo humo ndani ya intaneti. Picha ilikuwa inashuka taratibu, mstari kwa mstari, mpaka unaweza kumaliza aya nzima kabla kichwa cha mtu aliyemo hakijakutana na miguu yake.

Kulikuwa na kibwana mwenye kipara na taa ya mkononi. Anaingia vyumba, anaokota funguo, anavuka daraja, anafika kwenye bustani. Mwisho wa bustani kuna lango. Kwenye lango kuna matundu manane yaliyopangwa mstari mmoja kutoka kushoto kwenda kulia, na chini yake kikapu chenye mawe manane ya duara. Kila jiwe limechorwa mwezi. Mawili yana mwezi mwembamba, mawili nusu, mawili yamenenepa karibu kujaa, moja limejaa, na moja jeusi tupu. Mwezi mwembamba mmoja unang'aa upande wa kushoto na mwenzake upande wa kulia, na nusu hivyo hivyo, na yale manene hivyo hivyo. Mawe hayageuki. Juu ya lango kuna maneno ya Kiingereza ambayo, kwa tafsiri yangu, yalisema: upange mwezi tangu mwanzo wake hadi mwisho wake. Na juu ya maneno kuna mishumaa mitatu. Ukikosea, mshumaa mmoja unazimika. Ikizimika yote, kibwana anarudishwa mwanzo kabisa, vyumba, funguo, daraja, kazi ya siku mbili.

Salum alikuwa amerudishwa mara kumi na moja. Alikuwa ameanza kukonda.

Msaidizi wake mkuu alikuwa Mwalimu Thobias, anayefundisha jiografia sekondari, mtu wa suruali yenye mkunjo uliosimama na kalamu tatu mfukoni. Alikuja na kitabu. Kitabu kilikuwa na picha saba za mwezi na maneno yaliyosema kwamba mwezi unaokua hung'aa upande wa kulia, unaopungua hung'aa upande wa kushoto. Mwalimu aliyasoma kwa sauti ya kuwafanya hata waliokuwa wanaandika barua pepe wageuke. Salum akapanga kama kitabu kinavyosema, jiwe jeusi akaliweka mwisho kabisa, kwa sababu picha ya nane haikuwemo kitabuni na wote walikubaliana kwamba lile jeusi ni kama kizibo tu. Mshumaa ukazimika. Wakajaribu kuanza na mwezi mzima. Ukazimika. Wakajaribu kwa kubahatisha, wakalaaniana, kibwana akarudi mwanzo.

Hiyo ilikuwa Jumatano. Niliona yote kupitia dirishani huku nikichapa hati ya kuuza ng'ombe.

"Mnaweka tumbo la mwezi upande usio wake," nikasema.

Nilisema tu, kama mtu anavyomwambia jirani kwamba nguo zake zimeanguka kutoka kwenye kamba. Lakini ndani walinisikia, na wakacheka. Salum alicheka kidogo. Mwalimu Thobias alicheka mpaka akavua miwani.

"Mama," akasema, "hili ni suala la jiografia."

"Mwalimu, hapa Morogoro umewahi kuuona mwezi mwembamba umesimama wima kama huo wa kitabuni?"

"Kitabu kimeandikwa na wataalamu, mama."

"Nimekuuliza kama umewahi kuuona."

Akarudisha macho kitabuni. Hapa kwetu mwezi mwembamba hulala chali, pembe juu, wa jioni na wa alfajiri vile vile. Mtoto yeyote wa mlimani anaujua. Mwalimu alizaliwa papa hapa mjini, na sidhani kama aliwahi kuinua shingo.

"Mama Severini," Salum akaingilia kwa upole wake ule ule, "hii ni kompyuta. Siyo taipureta. Hivi vitu vya utandawazi tuachie sisi."

Hapo ndipo nilipoinuka. Nilikuwa na miaka arobaini na tisa na magoti yangu yanalia, lakini niliinuka nikashika nondo za dirisha kwa mikono miwili.

"Salum, nikilifungua hilo lango, sihami."

Mle ndani watu wakaanza kupiga meza. Wateja wote walitaka kuona jambo. Salum aliangalia huku na huku, akaona hawezi kukataa mbele za watu, na nadhani hakuona sababu ya kukataa.

"Poa, mama. Mimi nitamfikisha kibwana langoni tena, Jumamosi asubuhi atakuwa pale na mishumaa yote mitatu. Ukilifungua, kaa hapo nje mpaka uchoke mwenyewe. Ukishindwa, mwenye mkokoteni namwita mimi, na taipureta naibeba mimi mwenyewe kwa mikono yangu."

"Mashahidi mmesikia," nikawaambia watu.

Wakasema wamesikia.

Nisikudanganye, usiku ule sikulala vizuri. Kusema ni rahisi. Mausi ya kompyuta sikuwahi kuishika maishani. Na hilo la tumbo la mwezi nilikuwa na uhakika nalo kwa sababu moja tu. Nilikuwa nimemtazama kibwana akiingia bustanini mara kumi na moja. Kila mara akiingia, jua liko juu. Akitembea kuelekea langoni, jua linateremka, na linateremka upande wa kushoto wa picha, nyuma ya kilima, mpaka mbingu ya upande ule inakuwa nyekundu na kibwana anawasha taa yake. Wao waliona ni mapambo. Lakini mwezi huonyesha tumbo lake, ule upande unaong'aa, kwa jua siku zote. Mwezi mchanga unaonekana jioni upande jua lilikozama, na unang'alia kule kule. Mwezi mkongwe unaonekana alfajiri na unang'alia kule jua linakotoka. Kama kwenye mchezo jua linazama kushoto, basi mwezi unaokua lazima ung'ae kushoto, kitabu kiseme kisemavyo. Aliyeandika kitabu alikaa kwao akaangalia mwezi wa kwao. Aliyechora mchezo, nani anajua alikaa wapi?

Jumamosi nilifika mapema kuliko siku zote. Nikafungua mashine, nikatia karatasi mbili na kaboni katikati, nikachapa jambo langu moja fupi, nikaliacha humo humo kwenye mashine na kuifunika kwa kitambaa. Kisha nikafunga kanga vizuri nikaingia ndani.

Watu walikuwa wamejaa. Sijui nani alitangaza, maana nilimwona hata karani wa mahakama, na wanawake wawili wauza mboga wenye matenga yao. Salum alikuwa na macho mekundu. Alikuwa amemfikisha kibwana langoni kweli, jua limeshazama kushoto, mishumaa mitatu inawaka.

"Mama, naomba nikwambie," akasema kwa sauti ya chini nilipokaa. "Hii ni mara ya kumi na mbili. Ukinizimishia yote, nitalia."

"Ukilia utakuwa umenifuata mimi, maana nitakuwa nimeshaanza."

Mausi ilinitia aibu. Nikiisukuma mbele, mshale unapanda juu. Nikiinyanyua, haiendi popote. Watu wakacheka, Mwalimu Thobias akataka kunishika mkono, nikamwangalia akaurudisha. Baada ya dakika kumi nilikuwa naweza kuokota jiwe na kulifikisha kwenye tundu bila kuliangusha njiani.

Nikapanga. Mwembamba wa kushoto, nusu ya kushoto, mnene wa kushoto, mwezi mzima, mnene wa kulia, nusu ya kulia, mwembamba wa kulia. La nane, lile jeusi, nikalitia tundu la mwisho kwa sababu ndilo lililobaki.

Mshumaa ukazimika.

Kelele za kicheko sitazisahau. Mwalimu Thobias alifunua kitabu chake taratibu, kama padri anayefungua misale, akakiweka mezani mbele yangu, kidole kwenye picha.

"Mama, sayansi haina ujeuri," akasema. "Kulia kwanza. Labda ile siku tulikosea kubonyeza. Fuata kitabu uokoe kilichobaki."

Na mimi nikafuata.

Ndiyo, nikafuata. Naeleza hili ingawa linanichoma, kwa sababu nimechoka na watu wanaosimulia ushindi wao na kuficha pale walipotetemeka. Mtu mwenye kalamu tatu mfukoni aliniambia fanya hivi, na vidole vyangu vikafanya, vile vile vilivyofanya mbele ya karatasi mbili za bosi. Nikatia mwembamba wa kulia kwanza, nikaendelea mpaka mwisho, na huku ndani yangu kitu kinasema Bernadeta, unajua kwamba siyo, unajua kabisa kwamba siyo.

Mshumaa wa pili ukazimika.

"Ah," akasema Mwalimu. Basi, hilo tu. Akafunga kitabu.

Nilijichukia mpaka masikio yakawaka moto. Salum alikuwa ameshika kichwa. Mtu nyuma alisema huyu mama angebaki na mashine yake tu. Nikaondoa mkono kwenye mausi, nikaukunja juu ya mapaja, nikafumba macho. Wakadhani naomba. Sikuwa naomba. Nilikuwa namtafuta mama yangu.

Mama yangu Paskalia alikuwa mkulima wa mboga Towelo, huko juu mlimani, na kila siku alikuwa akishuka sokoni na kabichi na njegere kichwani kabla hakujapambazuka, mimi nyuma yake na kifungu kidogo. Tukishuka, mashariki iko mkono wa kulia, upande wa Kingolwira na Mikese, na mwezi mkongwe ulikuwa unatokea kule. Kila alfajiri umekonda zaidi. Kisha ikafika alfajiri moja tunatoka nje, mama anaangalia mkono wa kulia, hakuna kitu. Jioni yake, nyumbani, mama alichukua punje moja ya maharage akaitia kwenye kibuyu kidogo kilichoning'inia mlangoni. Hiyo ilikuwa punje ya kwanza. Kesho yake punje ya pili, mwezi bado hauonekani. Alihesabu hivyo mpaka punje ya siku ya kupanda.

Wanawake wote wa Towelo walihesabu hivyo, na sababu yake ilikuwa ya kazi tu. Jioni mlimani kwetu ni ukungu. Ukisubiri kuuona mwezi mchanga upande wa Mindu, magharibi, utasubiri siku tatu, nne, na hesabu yako yote itakuwa imeharibika. Lakini alfajiri anga ni safi, na sisi tayari tuko njiani na mizigo. Kwa hiyo hesabu ya mwezi ilianza siku mwezi ulipokosekana.

Na mimi nilikuwa nimeishi mjini miaka mingi mno. Mjini mwezi huanza ukiandama, watu wakiuona, wakipigiana simu. Salum huanza hivyo, jirani zangu wote huanza hivyo, kalenda yangu ya kichwani ilikuwa imeshakuwa ya hivyo. Wote mle ndani, wasomi kwa wauza soda, tulikuwa tumelifanya lile jiwe jeusi kizibo, tukalitupa mwisho, kwa kuwa hakuna aliyeuhesabu mwezi asiouona.

Nikafumbua macho.

"Mama, usiguse," Salum akasema haraka. "Tafadhali. Umebaki mmoja. Tuache tufikirie, tuje Jumatatu."

"Jumatatu mimi nitakuwa wapi?"

Akaangalia mshumaa uliobaki.

"Nimekuuliza, Salum. Jumatatu mimi nitakuwa wapi?"

"Mama, tutaongea tu, tutaona..."

"Hatuoni. Toa mkono wako."

Mwalimu Thobias akasema kwamba, kwa maoni yake, ingekuwa busara nisiendelee. Nilimgeukia.

"Mwalimu, umenipotezea mshumaa mmoja, na kosa ni langu kwa kukusikiliza. Wa pili huupati. Kaa chini."

Akakaa. Wale wauza mboga wakapiga makofi.

Nikaokota jiwe jeusi kwanza. Niliposogeza mshale kwenda tundu la mwanzo kabisa, upande wa kushoto, mle ndani pakazuka mzozo, huyu anasema sivyo, yule anasema mwacheni. Mmoja wa wauza mboga, mama wa makamo mwenye kovu kwenye kidevu, akasema kwa sauti, "Eeh, ndiyo. Si ndiyo siku ya kwanza hiyo?" Sikumjua, wala sikumuuliza anatoka kijiji gani. Nilijua tu kwamba anashuka alfajiri.

Jeusi. Mwembamba wa kushoto, unaliangalia jua lilikozama. Nusu ya kushoto. Mnene wa kushoto. Mzima. Mnene wa kulia. Nusu ya kulia. Mkono wangu ulikuwa umelowa jasho na mausi inateleza. Jiwe la mwisho lilikuwa mwembamba wa kulia, mwezi mkongwe wa alfajiri, na nililipeleka taratibu sana kwenye tundu la nane.

Kwa muda hapakutokea kitu. Intaneti yetu ya siku zile ilikuwa ya hivyo, hata furaha ilikuwa inachelewa. Kisha matundu yote manane yakawaka kwa zamu, na lango likaanza kufunguka, mstari kwa mstari, na kibwana mwenye kipara akanyanyua taa yake akapita.

Watu walipiga kelele mpaka waliokuwa kituo cha basi wakageuka. Karani wa mahakama alimkumbatia mtu asiyemjua. Salum alikuwa anaruka, kweli anaruka, ananishika mabega, "Mama! Mama Seve! Umeua, mama!" Na mimi nilicheka pia, nilicheka mpaka machozi yakanitoka, na nikawaacha wayaone.

Ndipo kwenye kioo kikatokea kisanduku cheupe kinachouliza jina la mshindi.

Salum akainama kwenye kibodi. Sidhani kama alikuwa na nia mbaya. Mkono wake ulikwenda tu, mchezo ulikuwa wake, kompyuta yake, wiki tatu zake. Aliandika S, akaandika A.

Nikamzuia mkono.

"Futa."

"Mama, ni jina tu..."

"Futa, Salum."

Akafuta. Nikavuta kiti karibu, nikaweka vidole vyote kumi mahali pake. Kibodi ile ilikuwa laini mno, haina uzito, lakini herufi zilikuwa zimekaa pale pale zilipokaa siku zote. Miaka sita nilikuwa naambiwa kwamba hii ni dunia nyingine. Nikamtazama Mwalimu Thobias usoni, sikuangalia kibodi wala kioo, nikachapa BERNADETA PASKALIA. Kwenye orodha ya shirika nilikuwa na jina la baba, kama serikali ilivyotaka. Lakini sisi Waluguru ukoo ni wa mama, shamba ni la mama, na kibuyu kile cha maharage kilikuwa cha mama.

"Yaani hata haangalii," akasema mtu.

Salum alisogea karibu. Aliangalia vidole vyangu, akaangalia vijana wake wawili wa kazi, ambao huchapa kwa kidole kimoja kimoja kama kuku anayedonoa mtama. Niliona wazo linamwingia.

"Mama Severini," akasema, "sikia. Hamia ndani. Nakupa kompyuta moja, ile ya kona, feni iko karibu. Kazi zote za kuchapa ziwe zako. Na kibaraza tuweke friji, kila mtu anafurahi."

Lilikuwa jambo zuri, sikatai. Miezi minne baadaye nililikubali, kwa masharti yangu, na kibaraza nikabaki nacho. Lakini siku ile, mbele ya watu wale, hapana.

"Sikuomba ndani," nikamwambia. "Niliomba pale nilipo. Njoo."

Nikatoka nje, yeye nyuma yangu, na umati nyuma yake. Nikaondoa kitambaa kwenye taipureta. Karatasi ilikuwa inasubiri humo, na kaboni, na nakala. Nikaivuta taratibu, nikampa asome kwa sauti.

Akasoma kwamba yeye, Salum, mmiliki wa biashara katika jengo lile, anakubali kuwa Bernadeta Paskalia, mchapaji, atatumia kibaraza cha mbele mpaka siku atakapoamua kuondoka kwa miguu yake mwenyewe. Chini kulikuwa na nafasi ya sahihi yake, nafasi ya mashahidi wawili, na tarehe ya siku ile.

Alifika mwisho, akaona pembeni ya tarehe nimeandika na saa. Saa moja na nusu asubuhi.

"Mama," akasema, "saa moja na nusu nilikuwa hata sijawasha kompyuta."

"Najua," nikasema. "Weka sahihi."